Sewahaji kabla hajawa wodi

Mtu akikupigia simu kukwambia kwamba mgonjwa wenu amelazwa Sewahaji, huulizi Sewahaji ni nani. Unauliza wodi namba ngapi, saa ngapi wanaruhusu kuona wagonjwa, na kama ameshaanza kula au bado yuko kwenye uji. Jengo lipo katika hospitali ya Muhimbili, Dar es Salaam, na watu hulitaja kwa neno moja kama wanavyotaja jina la mtaa. Katika uwanja huohuo kuna jengo jingine linaloitwa Kibasila.

Ukiyafikiria majina hayo mawili, yanashangaza kidogo. Kibasila alikuwa jumbe wa Kizaramo aliyewapinga Wajerumani wakati wa vita vya Maji Maji, nao wakamnyonga. Sewa Haji alikuwa tajiri wa Bagamoyo aliyefanya biashara na Wajerumani haohao, akawapa majengo, na alipokufa akawaachia mali. Leo mgonjwa akihamishwa kutoka jengo moja kwenda jingine, anasukumwa kwenye machela kati ya watu wawili ambao sidhani kama wangekaa jamvi moja.

Jina lake kamili ni Sewa Haji Paroo. Alizaliwa 1851, akafariki 1897 kabla hajatimiza miaka 50. Alikuwa Khoja, yaani Mwislamu wa jamii ya Kihindi, wa madhehebu ya Ismailia, na asili ya wazee wake ni Kutch, magharibi mwa India, kama ilivyo kwa familia nyingi za Kihindi za pwani hii. Baba yake alikuwa na biashara Zanzibar na tawi Bagamoyo, na kijana akaingia dukani akiwa na miaka kumi na minane hivi.

Habari zake husimuliwa kwa namna mbili. Ya kwanza ni ile ya kwenye vibao vya watalii: tajiri mwema, akajenga shule, akajenga hospitali, akawakumbuka wakoma, Mungu amlaze pema. Ya pili utaisikia barazani kahawa ikishapoa: alikuwa mshirika wa wakoloni, kanyonya jasho la wapagazi, kisha akatoa sadaka kutakasa mali. Zote mbili zina ukweli ndani yake. Tatizo ni kwamba zinamkata mtu vipande vitatu, duka huku, sadaka kule, siasa pembeni, halafu kila msimulizi anachukua kipande kinachomfurahisha. Kwa Sewa Haji vipande hivyo vilikuwa kitu kimoja, na uzi uliovishona ni mkopo. Kwa hiyo tuanze na mkopo.

Duka lililouza safari

Bagamoyo ya miaka ya 1870 ilikuwa bandari, lakini ukitaka kuielewa usitazame baharini. Geuka utazame bara. Kutoka hapa njia ilikwenda Tabora, mwendo wa miezi miwili mitatu kwa miguu, na kutoka Tabora ikagawanyika: tawi moja Ujiji, jingine kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda. Mbung'o waliua punda na ng'ombe wa mizigo, kwa hiyo kila kitu kilipanda begani kwa mtu. Mzigo wa kawaida wa mpagazi ulikuwa kama frasila mbili, karibu kilo 32, mbali na mkeka wake, chungu chake na silaha yake.

Sasa chukua mfano wa mfanyabiashara anayetaka kupeleka wapagazi mia moja Unyamwezi kutafuta pembe za ndovu. Huko aendako sarafu haisaidii. Anahitaji merikani, ile marudufu nyeupe iliyopewa jina la nchi ilikotoka, anahitaji kaniki, anahitaji shanga na masango ya waya wa shaba. Na hapo kwenye shanga ndipo mgeni alipoumbuka. Shanga zilikuwa na mitindo kama khanga zilivyo na mitindo. Rangi inayogombewa katika nchi moja, nchi ya pili wanaicheka. Msafara uliobeba shanga mbaya ungeweza kulala njaa huku mabegani umejaa mali. Mtu wa kukwambia rangi ipi inatakiwa wapi msimu huu hakuwa sultani wala balozi. Alikuwa mwenye duka Bagamoyo, kwa sababu kila msafara uliorudi ulipitia kwake kulipa deni na kutoa habari.

Juu ya bidhaa kulikuwa na hongo na posho. Maneno haya tunayatumia maofisini bila kukumbuka kwamba yalitembea kwa miguu. Hongo ilikuwa ushuru wa njia aliolipwa mtemi ili msafara upite katika nchi yake. Ulihesabiwa kwa doti za nguo, na kuujadili kuliweza kuchukua siku kadhaa. Posho ilikuwa chakula cha mpagazi, au kipande cha nguo au shanga za kununulia chakula. Siku hizi hongo imekuwa aibu na posho imekuwa ya kikao, lakini mwenye duka wa Bagamoyo aliziandika zote mbili katika daftari moja kama gharama za kawaida za kazi.

Kisha wapagazi wenyewe. Wengi walikuwa Wanyamwezi, watu wa kazi hii kwa vizazi, waliokuja pwani na mizigo ya tajiri mmoja na kurudi kwao na mizigo ya mwingine. Hawakuokotwa njiani. Walikuwa na viongozi wao, bei zao na kumbukumbu ndefu: tajiri aliyedhulumu mwaka jana mwaka huu hapati watu. Aliyejulikana na viongozi hao ndiye aliyeweza kukusanya mia moja kwa wiki chache, na mgeni asiyejulikana alibaki ufukweni akihesabu mawimbi.

Na hayo yote yalifanyika bila fedha taslimu kupita mikononi, au kwa fedha kidogo sana. Majumba ya biashara ya Zanzibar yalichukua nguo kutoka kwa Wazungu, Wamarekani na mawakala wa Bombay kwa ahadi ya kulipa baadaye. Yakazipeleka Bagamoyo kwa ahadi. Tajiri wa Bagamoyo akampa mwenye msafara kwa ahadi ya pembe. Mwenye msafara akaenda, akakaa mwaka, pengine miwili, akarudi au asirudi. Faida ya kungoja muda wote huo haikuandikwa kama riba, ambayo Mwislamu haruhusiwi. Ilifichwa ndani ya bei: nguo ya taslimu bei yake, nguo ya mkopo bei yake, na pembe zikirudi zinapokelewa kwa bei aliyoitaka mkopeshaji. Dhamana ikawa rehani ya nyumba au shamba la minazi, na deni likishindikana mwenye duka anakuwa mwenye nyumba. Ndivyo wafanyabiashara wengi wa Kihindi wa pwani walivyojikuta na majumba ambayo hawakuyajenga.

Kwa hiyo mtaji wa Sewa Haji haukuwa merikani iliyorundikwa stoo. Ulikuwa watu kumwamini upande wa bahari na upande wa bara kwa wakati mmoja, na yeye kujua nani aaminiwe na nani asiaminiwe.

Kijana aliyemkasirisha Stanley

Tunaye shahidi mmoja wa siku zake za mwanzo, na ni shahidi mwenye hasira. Februari 1871 mwandishi wa habari Henry Morton Stanley alivuka kutoka Zanzibar akiwa na haraka ya kwenda kumtafuta Livingstone. Alihitaji wapagazi wapatao 140, akaelekezwa kwa kijana Mhindi wa Bagamoyo wa miaka kama ishirini. Jina Stanley aliliandika alivyolisikia, "Soor Hadji Palloo", na wanahistoria wanamtambua kuwa ndiye Sewa Haji. Siku zikapita, wapagazi wakaja kidogokidogo, hesabu za nguo zikawa na maneno, na Stanley akaijaza karatasi malalamiko kwamba kijana yule alikuwa mjanja kupita umri wake. Kundi lake la mwisho liliondoka Bagamoyo tarehe 21 Machi.

Mimi huwa nasoma malalamiko hayo kwa tabasamu. Stanley alikuwa mgeni asiyejua bei, hajui shanga, hajui mpagazi anastahili doti ngapi, na kila mtu mjini aliliona hilo kabla hajafunga mashua. Kijana alimtoza bei ya mgeni. Ilikuwa haki? Pengine haikuwa. Lakini angalia kilichotokea: wapagazi walipatikana, na Livingstone akaonekana Ujiji mwaka huohuo. Wazungu waliofuata, wamisionari, wapelelezi na kampuni, walipofika Bagamoyo waligonga mlango uleule, wakijua wangenung'unika na wakijua pia hakuna pengine pa kwenda. Katika miaka iliyofuata jina hilo likawa kubwa kuliko mengine yote katika kazi ya kuandaa misafara mjini hapo.

Bendera tatu

Hapa ndipo siasa inapoingia, na inaingia kupitia daftari la madeni. Mtu mwenye mali iliyotawanyika njiani kutoka pwani hadi Ujiji hana anasa ya kusema siasa hazimhusu. Njia ikifungwa mwaka mmoja, anafilisika.

Hali yake kisheria ilikuwa na mikunjo. Mji aliofanyia kazi ulikuwa chini ya Sultani wa Zanzibar, na ushuru wa forodha ukikodishwa kwa matajiri wa Kihindi, akiwamo Tharia Topan, ambaye ndiye aliyempeleka Stanley kwa yule kijana. Yeye mwenyewe, kwa asili yake ya Kutch, alihesabiwa chini ya ulinzi wa Uingereza. Hilo lilikuwa na maana kubwa: mwaka 1860 balozi wa Uingereza Zanzibar, Rigby, alianza kuwanyang'anya Wahindi watumwa, kwa hoja kwamba raia wa Malkia hawaruhusiwi kumiliki mtu. Tangu hapo tajiri wa Kihindi hakuweza kumiliki mtumwa waziwazi, ila hakuna aliyemzuia kumkopesha anayemiliki. Kisha wakaja Wajerumani, bendera ya tatu.

Aprili 1888 Sultani Khalifa aliikodishia kampuni ya Kijerumani utawala wa pwani. Agosti, maafisa wake walipotaka kupandisha bendera yao, Pangani ikalipuka chini ya Abushiri bin Salim, na Septemba mapigano yakafika Bagamoyo. Manowari ya Kijerumani ikaupiga mji kutoka baharini, na maelfu ya watu wakakimbilia kwenye misheni ya Wakatoliki. Misafara ikasimama. Fikiria tajiri ambaye pembe zake ziko Tabora, wapagazi wake wamekwama njiani, na wadai wake Zanzibar hawajui habari za Abushiri wala hawataki kuzijua. Kamanda wa Kijerumani, Wissmann, akaja 1889 na askari wake wa Kisudani na wa Kizulu, na Desemba mwaka huo Abushiri akanyongwa Pangani. Bagamoyo ikawa makao makuu ya koloni, kwa muda mfupi tu, maana mwaka 1891 serikali ilihamia Dar es Salaam.

Serikali mpya ilikuwa na bunduki lakini haikuwa na miguu. Kila kikosi kilichokwenda bara kilihitaji wapagazi, na mtu wa wapagazi alikuwa palepale alipokuwa siku zote. Wajerumani walimhitaji Sewa Haji kuliko walivyopenda kukiri, na wenzao wa kampuni hawakufurahi kuona Mhindi ameishika njia ya bara. Kumwita kibaraka, kwa maoni yangu, ni kukosea upande wa utegemezi. Kumwita mpinzani ni kichekesho. Alitaka njia ifunguke, na yeyote aliyeifungua alikuwa mteja.

Zawadi yenye masharti

Ungekuwa mfanyabiashara leo ukataka kuwa na sauti, ungechukua fomu ya chama, ungegawa mabati na jezi, ungegombea. Koloni la Kijerumani la miaka ya 1890 halikuwa na uchaguzi wala kiti ambacho Mhindi au Mwafrika angekikalia. Gavana alisema, ikawa. Tajiri mwenye akili alibakiwa na mlango mmoja, kuipa serikali kitu inachokihitaji, kisha kuandika ndani ya hati ya zawadi jinsi kitakavyotumika.

Ndivyo lilivyokuja jengo la shule. Ni nyumba ya ghorofa katika Mji Mkongwe wa Bagamoyo, na leo ni Shule ya Msingi Mwambao; ukipita asubuhi utasikia watoto wanavyoimba majibu kwa pamoja. Sewa Haji aliitoa kwa serikali kwa sharti kwamba isibague: watoto wa Kihindi na wa Kiafrika wasome humo. Wakati huo shule nyingi zilikuwa za misheni, na Waislamu wa pwani waliogopa kupeleka watoto wao huko. Serikali ndiyo kwanza ilikuwa imeanza shule zake zisizo za dini, ya kwanza ikifunguliwa Tanga mwaka 1892, kwa sababu ilitaka makarani na maakida wanaojua kusoma na kuandika. Kwa hiyo gavana alipata alichokitaka, na mtoaji alipata alichokitaka, nacho kilikuwa kanuni ambayo hakuna baraza lingempitishia.

Nasisitiza sharti hilo kwa kuwa watu hulisoma kama pambo la huruma. Mimi naona mkono wa mkopeshaji. Mtu aliyezoea kutoa mali leo na kupokea malipo baada ya miaka miwili anajua kwamba asichokiandika hakipo. Sadaka zake ziliandikwa kama mikataba yake.

Hospitali ya Dar es Salaam ilifuata mtindo huo. Ilifunguliwa 1897 kwa ajili ya Waafrika na Wahindi, ikaitwa kwa jina lake. Tazama pia mahali: makao makuu yalipohama Bagamoyo, zawadi kubwa nayo ikahamia kwenye makao makuu mapya. Na tazama mpaka wake. Mwaka huohuo Wajerumani walikamilisha hospitali yao ufukweni, ile ya Ocean Road, kwa ajili ya Wazungu. Fedha za Sewa Haji ziliweza kuwalaza Mzaramo na Mkhoja katika jengo moja, jambo ambalo halikuwa dogo, ila hazikuweza kumlaza Mjerumani humo. Sharti lina nguvu mpaka pale anayelipokea anapoamua kwamba limetosha.

Wosia ndio mkataba wake mrefu kuliko yote. Nyumba na viwanja vyake viliachwa mikononi mwa serikali, mapato yake yaende kwa wakoma wa Bagamoyo, waliotunzwa na misheni ya Wakatoliki, na kwa wagonjwa maskini wa hospitali yake. Mwislamu anayeisoma hati ya namna hiyo anaona wakfu: mali inasimama, tunda lake linaliwa na wahitaji. Tofauti ni kwamba msimamizi hapa alikuwa gavana wa Kikristo, na waliofaidika wa kwanza walitunzwa na mapadri. Mtu wa madhehebu ya wachache, aliyeishi na kila dini, hakuona tabu kuwafanya washirika wa wakfu wake.

Na jasho la nani?

Swali la barazani linabaki, na sitalikwepa. Faida iliyojenga shule ilitoka kwenye pembe za ndovu, na bara pembe zilikwenda pamoja na bunduki, baruti na biashara ya watu. Mkopo wa Bagamoyo haukuuliza nguo itabadilishwa na nini kule Manyema, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika. Mpagazi aliyebeba kilo 32 kutoka Tabora, akapata ndui njiani akaachwa chini ya mti, jina lake halipo ukutani popote. Hilo ni doa la biashara nzima ya pwani, na Sewa Haji alikuwa katikati yake, si pembeni.

Ila ninapolinganisha, naona jambo moja. Majumba mengi ya biashara yaliyotajirika kwa njia hiyohiyo yalirudisha faida Zanzibar, Bombay, Hamburg, na Salem ya Marekani.  Yeye aliacha sehemu ya mali palepale ilipochumwa, na akataja kwa maandishi nani aingie mlangoni. Kila mtu na apime mwenyewe hilo linafuta nini na haliwezi kufuta nini.

Mkataba wake na Wajerumani haukudumu kwa sababu Wajerumani wenyewe hawakudumu. Vita vya 1914 hadi 1918 viliwatoa. Waingereza waliikuta hospitali na jina lake, wakaitumia miaka mingi. Mwaka 1956 huduma zikawa kwenye hospitali mpya iliyopewa jina la Princess Margaret. Baada ya uhuru binti mfalme akaondoka kwenye kibao na Muhimbili ikawa Muhimbili, na katika mabadiliko yote hayo tajiri wa Bagamoyo akabakiwa na jengo la wodi.

Biashara yenyewe ilikuwa na mrithi wa kazi. Katika duka la Sewa Haji alipita kijana mwingine kutoka Kutch, Allidina Visram, aliyefika Bagamoyo akiwa mdogo. Tajiri wake alipofariki 1897, Allidina aliona kitu ambacho mwenzake hakuwahi kulazimika kukiona: reli. Mwaka mmoja kabla, Waingereza walikuwa wameanza kutandika reli kutoka Mombasa kuelekea Ziwa Victoria. Mizigo ya frasila mbili begani ilikuwa inaelekea mwisho, na Bagamoyo pamoja nayo. Akaifuata reli, akafungua maduka stesheni hadi stesheni mpaka Uganda, daftari la mkopo likiwa lilelile ila sasa linasafiri kwa mabehewa. Baada ya kifo chake 1916, mwanawe alijenga shule Mombasa kwa jina la baba. Mtu wa Mombasa akikwambia "mimi nimesoma Allidina", unamuuliza alimaliza mwaka gani.